Banda Ulilojenga Bila Kuniambia

Baba,

Nimeianza barua hii mara tatu. Nikiandika mistari miwili nasimama, naenda dirishani, naangalia malori yanavyopita hapa Picha ya Ndege, Kibaha, halafu narudi. Mama anasema tangu tulipokuzika sijatulia hata siku moja. Ni kweli. Kesho nina safari ya Pangani, hii ya hapa Kibaha, na siwezi kwenda kabla sijakuambia haya.

"Huyu wangu amesomea paka," ulikuwa ukiwaambia wageni, kwa kujidai kidogo. Nami nakurekebisha: si paka, Baba, ni mondo. Miguu mirefu, masikio makubwa, madoa meusi mgongoni. Kazi yangu ni kuwalinda hao wachache waliobaki kwenye mapori ya Kisarawe na Kibaha, maana mapori yenyewe kila mwaka yanageuka mkaa na viwanja. Ulikuwa unanisikiliza, unatikisa kichwa, unasema, "Sawa, lakini kuku wangu nani anawalinda?" Nilidhani ni utani.

Halafu asubuhi ile ukanipigia simu. "Njoo Msimbu umchukue paka wako."

Nilimkuta nyuma ya nyumba yetu hapo kijijini, chini ya mkorosho, amekakamaa. Ulikuwa umepaka sumu kwenye utumbo wa kuku. Hukuficha wala hukujitetea, ulisema tu kwamba amekumalizia matetea. Nilipomgeuza niliona chuchu zimejaa maziwa. Siku tatu nilitafuta watoto wake kwenye vichaka vya bondeni. Sikuwapata.

Kwa hasira zile nikaenda kwenye mkutano wa kijiji. Nilitakiwa kugawa vipeperushi vyenye mchoro wa banda la kuku, nieleze, nikae. Badala yake nikasema, "Wako watu wazima hapa, waliofundisha watoto wa kijiji kizima, wanategesha sumu kama wasiokuwa na akili." Sikutaja jina. Mwalimu mstaafu Msimbu nzima ni nani mwingine? Vichwa vyote viligeuka. Ulivua kofia, ukaiangalia ndani, ukaivaa tena, ukatoka.

Baada ya hapo nikipiga simu ilikuwa "Shikamoo Baba," "Marahaba," kisha unampa Mama simu. Miezi mitano, Baba. Nilisema nitakuja tuzungumze. Kila wiki nilikuwa na sababu. Presha ilipokuangusha nilikuwa porini, mtandao hakuna, na nilipofika nyumbani turubai lilikuwa limeshafungwa uani na kwaya ya usharika inaimba.

Kuna jambo hujui kwamba nalijua. Siku ya pili baada ya mazishi nilizunguka nyuma ya nyumba nikaona banda. Limeinuliwa juu ya nguzo, limeezekwa bati, pande tatu zina wavu mzito. Upande wa nne ulikuwa wazi, na wavu umekunjwa chini unasubiri misumari. Nikamuuliza Mama. Akasema, "Usiniulize mimi. Alisema likiisha ndiyo uitwe."

Kipeperushi changu kilikuwa kimebanwa kwenye nguzo. Umekisahihisha kwa kalamu nyekundu. Umezungushia duara neno nililokosea herufi. Pembeni ya mchoro wa mlango umeandika: "Ufungukie nje. Mnyama husukuma, havuti." Nililia pale, nikacheka, nikalia tena. Nilikisoma mbele na nyuma nikitafuta neno la kuniambia mimi. Halikuwepo. Ni mlango na tahajia tu.

Kwa hiyo siwezi kuwaambia watu kwamba ulinisamehe. Hukusema. Labda ulikuwa unajenga kwa ajili ya kuku. Ndicho kinachoninyima utulivu. Nikiwa kwako nafikiria Kibaha, nikifika Kibaha nataka kurudi kwako.

Wavu wa upande wa nne tumeupigilia mimi na Mama. Yeye alishika, mimi nikagonga, kidole changu kimoja bado cheusi. Kamera niliyoifunga kwenye mkorosho imempiga mondo picha kadhaa jioni moja. Amelizunguka banda, amesimama mlangoni, halafu ameteremka kwenye majaruba ya mpunga kuwinda panya. Kuku wote wapo.

Kisha nilimwomba mwenyekiti anipe nafasi, mkutano uleule. Nikasimama nikasema, "Mwaka jana hapa nilimdhalilisha baba yangu mbele yenu. Kumweleza nilipaswa nimweleze nyumbani. Alikosea, nami nikakosea zaidi. Banda la kwanza la kuzuia mondo hapa kijijini amelijenga yeye, na mlango wake unafungukia nje." Mama Pili, jirani yako, ambaye nilijua ameshanunua sumu, akauliza, "Huo mlango unafungukia nje kweli? Twende ukanionyeshe." Tukaenda, na nusu ya mkutano nyuma yetu. Banda la kwake limeshaisha. La mdogo wake limefika kwenye bati.

Sikudanganyi, mondo bado wanakufa. Juzi mzee mmoja wa Pangani amemnasa mondo kijana kwa waya, akamtundika kwenye uzio wa shamba lake kila mtu aone. Wenzangu wa kazini wanataka tumfikishe kwenye mkutano wa mtaa keshokutwa. Nimewaomba wanipe siku moja.

Pumzika, Baba. Mama anakula vizuri, usiwe na wasiwasi naye. Nakuahidi sitamsema tena mtu mbele za watu kabla sijaketi uani kwake. Kesho naenda kwa huyo mzee, peke yangu, bila vipeperushi. Sijui nitamwambia nini. Nitaanza na shikamoo.

Mwanao,
Neema