Pampu Sasa Ina Mlinzi

Baba Pacha,

Sisi hatujambo, na chumba cha chini ya ardhi, kile kinachoingia maji kila mvua ikinyesha, ni kikavu kabisa. Fundi bomba alitaka tumsubiri wiki nzima, nikamwambia abaki na wiki yake. Kile kifaa cha kuchunga pampu ulichotutumia nimekifunga mwenyewe: kisanduku ukutani, waya mpaka ndani ya shimo la humo chumbani ambamo pampu huvuta maji, kisha nikakiunganisha na intaneti. Mama yako alinishikia tochi huku akisema nitapigwa shoti. Nilipomwaga ndoo za maji shimoni kukijaribu, pampu ikanguruma na simu yangu ikalia: “Maji yanapanda.” Mama yako akapiga vigelegele, ungedhani nimejifungua pacha wengine.

Wewe kila ukipiga simu, swali la kwanza ni maji. Hata siku ile niliyopokea nikiwa nimelazwa wodini, uliuliza maji, ukasema unawahi kazini, ukakata. Sikukwambia niko wapi.

Sasa namba yako nayo nimeiingiza humo. Habari za maji utaletewa na kifaa, saa yoyote. Kwa hiyo ukinipigia, niulize habari zangu mimi.

Mkeo, fundi wa nyumba hii,
Mama Pacha