Kiti Ambacho Sijakisogeza

Jumapili, Septemba 2014. Quakers Hill. Jua limetoka lakini upepo bado una meno.

Shajara, mimi ndiye mwanaume mwenye bahati kuliko wote hapa Sydney. Nimekaa Dubai, nimekaa Doha, sijaona baba anayependwa na mwanawe kama mimi. Neema anakuja likizo. Anamwacha mama yake huko Perth, na kachagua mwenyewe.

Leo kazini, kwenye nyumba ya wazee, tuliwawekea zile sinema za kale za vichekesho, zisizo na sauti. Bwana mnene kakaa kitini, mara paap, hayupo. Bibi mmoja alicheka mpaka nikamshika asidondoke.

Mimi ujanja huo naujua, na shule niliishia darasa la saba. Kamera inasimamishwa, mmoja anatoka, wenzake wanaganda vilevile, kamera inaendelea. Aliyebaki akitikisika, mchezo umeharibika.

Mimi na Neema tulicheza wetu hapa sebuleni, kabla yeye na mama yake hawajahamia Perth. Simu tuliiegemeza kwenye rafu, ikaendelea kurekodi. Kipande cha katikati ningekikata baadaye. Yeye kitini na gauni la njano, mimi mkono juu kama mganga. Akaruka chini, akaniambia kwa Kiingereza chake nisitikisike. Mara honi nje. Mama yake. Akachukua begi, akanibusu kiunoni, ndipo anapofika, akakimbia.

Mimi bado nimeganda, mkono juu.

Kile kipande cha katikati sijakikata mpaka leo.

Tulikuwa tumebakiza sehemu ya yeye kurudi. Ili ikubali, kila kitu lazima kiwe palepale, kwa hiyo kiti sijakisogeza. Wageni nawakalisha kwenye ndoo na utani juu. Shati la siku ile limetundikwa, silivai.

Jioni hii Neema kapiga simu. Rafiki zake wanakwenda kupiga kambi, naye kaalikwa.

"Nenda, mama," nikamwambia. "Na lile gauni la njano?"

"Baba, lile la mtoto. Mama alishaligawa."

Nikamwambia afadhali, maana nilitaka kulivaa mimi kanisani. Akacheka. Alicheka kwa adabu, kama mtu anavyomchekea mjomba wa mbali.

Nimekaa kwenye kile kiti kuandika haya. Ni kigumu, sikujua.

Hapo juu nimeandika Neema anakuja. Ni uongo. Haji.