Babu Athumani Ameiacha Mashine

Mama yangu,

Salamu zangu zikufikie huko uliko. Sisi wazima. Mjukuu wako uliyemwacha tumboni sasa anatambaa, na nisipomwangalia anakula pumba.

Mama, nimemwachisha kazi Babu Athumani. Usishtuke, nisikilize kwanza.

Unajua kaiendesha mashine yetu ya kukoboa mpunga tangu sijazaliwa. Ulipofariki, yeye ndiye aliyenishika mkono. Kanifundisha kuung'ata mpunga nijue kama umekauka. Lakini macho yamemwishia nguvu. Mwezi huu mkanda wa mashine ulimkamata shati mara mbili. Mara ya pili lilichanika lote. Yeye anacheka, mimi nalia.

Nitamwambiaje mtu aliyenibeba mgongoni? Wiki nzima mdomo mzito. Mwisho nikafanya kama wewe neno likiwa gumu: nikamwita mtani wake, Bi Somoe. Kaja, kaketi juu ya gunia, kamwambia mbele yangu, "Wee kizee, mashine imeshakuvua shati. Unangoja ikuvue na suruali, tuone aibu sisi?"

Babu alicheka mpaka akakohoa. Akanitazama. "Mjukuu wangu, si ungeniambia tu?"

Haki yake nimempa yote, na kila mavuno atapata gunia la mchele. Wateja wa hapa Mohoro na wa Chumbi walikuja, tukasoma dua, kisha mwenyewe akaizima mashine kwa mkono wake. Akaenda zake bila kugeuka nyuma.

Siku nne hakutokea. Nikasema basi, nimemvunja moyo mzee wa watu. Siku ya tano namwona kwenye foleni, anashusha mpunga wake kwenye baiskeli. Namwambia, "Babu, pita mbele." Kakataa.

"Leo mimi mteja. Nihudumie vizuri, nisije nikahamia kwa jirani."

Nilimkobolea mwenyewe. Akauchota mchele, akauleta karibu kabisa na macho. "Haujakatika," akasema. Akafunga mfuko wake.

Asante, Mama, kwa kuniachia mtu yule. Nakuahidi, mlango wa mashine uko wazi kwake, hata siku atakayokuja bila mpunga.

Pumzika kwa amani.

Mwanao,
Mwanahawa