Mafuta kwenye Majani ya Nyangeta

Jumanne, 15 Machi 1983

Na mafuta yenyewe ya kupikia niliyapangia foleni! Badala ya kukaangia samaki, nikayapaka kwenye majani ya ua la Nyangeta ili yang'ae. Binti yangu alizawadiwa hilo ua chuo cha ualimu kwa kuwa wa kwanza, siyo wa pili, akaniachia nilitunze hapa sebuleni. Kesho anakuja.

Saa kumi upepo ukaleta wale wadudu wa ziwani, wengi kama moshi, na dirisha liko wazi. Wakanasa kwenye mafuta, majani yote meusi.

Jirani yangu Mama Wambura akachungulia. "Mama Nyangeta, ua limeota manyoya?"

"Lako liko wapi, tulione?"

Akacheka, halafu akapapasa jani, vidole vikatoka na mafuta. "Dada, majani yanapumuaga. Mafuta yataliua hilo."

Akaenda kwake, akarudi na kipande cha sabuni. Najua hana kingine. Tumeosha jani moja moja.

Mawili ya chini yamelegea. Nimeshayashika mara tatu tangu nianze kuandika.

Nyangeta nitamwambia tumeliosha wawili, mimi na Mama Wambura. Ya mafuta, sijui kama mdomo utafunguka.