Karatasi Niliyokataa Kuitia Sahihi

Schaerbeek, Brussels
Jumapili, tarehe 11 Oktoba

Kwako dada yangu mkubwa, yaya Cécile, Mwanga, Kigoma,

Salamu nyingi za upendo zikufikie hapo ulipo, zikukute umekaa, si umesimama jikoni kama kawaida yako. Tension, hiyo presha yako, inaendeleaje? Élodie, huyu msafiri wetu wa kwenda na kurudi, ameniambia kwamba zile dawa za asubuhi unazinywa ukikumbuka tu, na siku usipokumbuka unasema Mungu anakumbuka. Nakuomba uache mchezo huo. Goti la shemeji limepona? Wajukuu zako, watoto wa Shekinah, wameanza shule? Sisi huku tuko wazima. Baridi imeshaingia. Binti yangu Laetitia bado anafundisha historia kule Koekelberg na bado hataki kusikia habari ya kuolewa. Mimi mgongo unauma, lakini natembea.

Najua utacheka. Mtu aliyemaliza ujana wake ndani ya mashine za mawasiliano anakuandikia kwa kalamu, na barua anampa Élodie aibebe kwa ndege. Bon, nina sababu. Kwa simu ningeanza kusema, ungeanza kulia, na mawasiliano yangekatika nikiwa nusu ya maneno, na nusu ya maneno haya ni mbaya kuliko yote. Nitajitahidi pia kuandika Kiswahili cha kwenu Tanzania, usije ukawasomea majirani mkanicheka.

Habari yenyewe inahusu kazi yangu ya zamani pale chuo kikuu. Niliwaambia wote kwamba mkataba wangu uliisha. Haukuisha, yaya. Nilifukuzwa. Hilo si siri kubwa sana, kubwa inakuja, lakini lazima nianzie hapo ili ujue nilifukuzwa kwa kosa gani na ni nani leo anajipigia makofi kwa kosa hilohilo.

Wakati naanza kazi ile, Internet haikuwa kitu cha mtu kubeba mfukoni. Zilikuwa laini chache nene zinazounganisha vyuo vikuu na maabara, na laini ndogo zinaning'inia juu yake, ndiyo maana tuliziita uti wa mgongo. Serikali ndizo zilizolipa. Wazungu wa huku walikuwa wamegombana miaka mingi juu ya namna mashine zinavyopaswa kusemezana. Wao walikuwa na kanuni zao, vitabu vinene vya kuulia nyoka, na Wamarekani walikuwa na zao nyepesi zilizokuwa tayari zinafanya kazi. Zile nyepesi zikashinda, na wakubwa wetu wakafunga vitabu vyao kimyakimya. Mlangoni pa chumba chetu cha mashine palibandikwa sheria moja: laini hii ni ya utafiti na mafundisho tu. Biashara marufuku, mambo ya mtu binafsi marufuku.

Halafu mwaka 1995 Wamarekani wakaufunga ule uti wa mgongo wa serikali yao, wakaziachia kampuni. Huku nako upepo ukageuka. Watu waliokuwa wanakuja kazini na sweta zilizotoboka viwiko wakaanza kuvaa tai. Mmoja wao alikuwa Florent, injinia kijana niliyekuwa nashirikiana naye chumba, mtu mpole, wa kukuletea kahawa bila kuombwa. Mimi nilikuwa fundi. Yeye alichora, mimi niliingia chini ya sakafu na kuvuta nyaya.

Vita ilipofika Bukavu mwaka 1996, unakumbuka wewe kuliko mimi, kwa sababu wewe ulikuwa ndani yake. Lakini hujui huku kulikuwaje. Simu za Kivu zilikufa zote. Matonge, mtaa wetu Waafrika hapa Brussels, ilikuwa imejaa watu wanaozunguka bila kujua waende wapi. Nilikwenda kunyolewa kwa maman Marie-Jeanne pale Galerie d'Ixelles, nikamkuta ameweka kitana chini na analia, kichwa cha mteja kimesukwa nusu. Nikamwambia kwamba kazini kwangu tuna laini inayofika Nairobi, na kwamba Kigoma ipo ofisi moja ya misaada yenye kompyuta iliyofungwa kwenye redio. Aniandikie kikaratasi, nitajaribu.

Siku ya tatu alikuwa na vikaratasi vyake na vya watu thelathini. Donc tukaweka utaratibu. Mtu anaandika mistari kumi, haizidi, kwa sababu ile redio ya Kigoma ilikuwa inameza maneno machache kwa siku. Jina la anayetafutwa, jina la baba yake, parokia yake, halafu habari. Maman Marie-Jeanne anavikusanya kwenye kopo la mafuta ya nywele, mimi napita asubuhi, saa ya chakula wenzangu wanapokwenda kantini mimi nachapa. Majibu yakija nayaandika kwa mkono, nayarudisha saluni. Mwisho wa Desemba nilikuwa nimepitisha zaidi ya mia tisa, kwenye laini ya utafiti, nimeikalia ile sheria ya mlangoni kama kiti. Sijutii hata moja. Ndivyo ulivyopata habari zangu kule kambini, na ndivyo nilivyojua kwamba wewe na mama mmevuka ziwa.

Florent alijua. Alikuwa ananiona, ananiachia kahawa mezani, anaondoka. Mwezi wa kwanza wakubwa wakaniita ofisini, nikamkuta yeye ameshakaa, na mbele yake rundo la karatasi: nakala ya kila ujumbe, kwa sababu mashine ile ilikuwa haisahau kitu. Wakasema nimetumia mali ya serikali kwa mambo ya watu binafsi. Saa ile ile nikatoa funguo. Mwezi wa tatu, yeye mwenyewe akaacha kazi, akafungua duka hatua ishirini kutoka kwa maman Marie-Jeanne, kioo kimeandikwa kwamba hapa unatuma ujumbe Afrika. Anwani zilikuwa zilezile, Nairobi yangu, Kigoma yangu, na wateja ni walewale, sasa wanalipa kwa ukurasa. Mimi nilifukuzwa kwa jambo lile, yeye akalifanyia duka. Duka likawa kampuni, kampuni ikanunua laini, leo ina jengo la vioo karibu na stesheni. Mimi nilisafisha tramu miaka sita, halafu nikatengeneza kompyuta za shule mpaka pensheni.

Nilikuwa nimeyaacha hayo, kweli. Lakini mwezi uliopita alinijia binti wa kampuni yake, Anaïs, mwenye adabu, akavua viatu mlangoni bila kuambiwa. Alikuja na kitabu chenye picha. Wanaadhimisha miaka thelathini, na kitabu kinasema kwamba uti wa mgongo wa kibiashara hapa Brussels ulizaliwa kwa moyo wa huruma: kwamba mwaka 1996 Florent alithubutu kuvunja kanuni ili kuwasaidia wakimbizi wa Maziwa Makuu. Ndani kuna picha yangu nimeshika waya. Chini yake wameandika: fundi mmoja.

Anaïs akaeleza kwamba wananiomba nikae mstari wa mbele siku ya sherehe, na kwanza nitie sahihi karatasi inayosema kwamba kazi ile niliifanya kwa maagizo ya Florent na kwa idhini yake. Laetitia alikuwepo, aliisoma karatasi mara mbili, akanirudishia. Nilimwambia yule binti kwamba kahawa anywe amalize, lakini karatasi arudi nayo. Akaniuliza kama ninataka muda wa kufikiri. Nikamwambia nimeshapata miaka thelathini kasoro, inatosha.

Siku mbili baadaye alinipigia Florent mwenyewe. Sauti ileile ya upole. Akaniuliza hali, akaniuliza watoto, alors, akafika alipokuwa anakwenda. Alisema kwamba nakala za mwaka ule bado wanazo, zote. Kwamba kuna ujumbe mmoja ulioingia kutoka Nairobi ukiwa na maneno haya, na ukatoka kwenda Kigoma ukiwa na maneno mengine. Kwamba yeye hakumwambia mtu, kwa heshima yangu, lakini sherehe zikiharibika waandishi wa habari huchimba, na familia zina moyo. Nilimwambia asante kwa kunikumbusha, nikakata.

Halafu nikapandwa na hasira ambayo sijawahi kuwa nayo hata siku waliponifukuza. Mtu amechukua kazi yangu, amechukua jina langu, sasa anataka kunifunga mdomo kwa marehemu wangu mwenyewe. Hapana. Huyo marehemu si wake.

Yaya, kaa chini sasa kama ulikuwa umesimama. Namsema Hervé.

Wewe umeishi miaka yote ukijua kwamba kitinda mimba wetu alifika Kisangani, kwamba aliandika yuko mzima, na kwamba alipotelea huko baadaye, vita ilipopita. Ndiyo maana kile chumba cha uani hukipangishi. Ndiyo maana matanga yake hatujawahi kukaa. Lakini Hervé hakufika Kisangani. Ujumbe ule wa mwezi wa kumi na mbili, alioushika mama kifuani mpaka karatasi ikalegea, niliuandika mimi, saa ya chakula, kwenye laini ya utafiti. Ujumbe wa kweli ulikuwa wa rafiki yake Ghislain. Siku hiyohiyo ulikuwa umeingia wako, kwamba mama hali chakula na daktari wa kambi amekata tamaa. Nilikuwa na karatasi mbili mbele yangu na dakika arobaini. Nilifanya nilichofanya. Mama aliishi mpaka Februari, na mwenyewe uliniambia alikufa anacheka, anahesabu siku za Hervé kuja.

Kwa mama sijuti, na nikiulizwa mbinguni nitajibu hivyohivyo. Kwako ndiko nilikokosa. Mama alipozikwa nilipaswa kukuambia. Nilisema mwezi ujao, nikasema mwaka ujao, nikaona umeweka kitanda kwenye kile chumba, nikaogopa. Nilipitisha habari za watu mia tisa, dada yangu mwenyewe nikamwachia uongo. Sikuombi unisamehe kwa barua hii. Kasirika, unayo haki yote.

Lakini Florent hataiweka siri hii mfukoni kama rungu. Tarehe 12 Novemba nitakwenda kwenye jengo lao la vioo, si mstari wa mbele, nitasimama. Maman Marie-Jeanne, ambaye sasa ana miaka sabini na tisa, anakuja pamoja na wenzake kumi na mmoja, kila mmoja na kikaratasi chake cha mwaka ule, mwandiko wangu. Nitasema ni nani aliyeivunja ile sheria, na nani aliyemshitaki, na nani aliyefungua duka. Na ya Hervé nitayasema kwa kinywa changu, mbele yao, kabla yeye hajafungua chake. Laetitia aliniuliza kama niko tayari watu waniite mwongo. Nilimwambia waniite. Mwongo nilikuwa, lakini kwa ajili ya mama yangu, si ya kampuni. Wewe tu nilitaka usikie kabla ya kioo na wageni.

Sasa nakupa ujumbe wako. Ni mistari tisa. Naunakili kama ulivyoingia, sijagusa hata neno:

«Kwa Onésime, mwana wa Barthélemy, parokia ya Kadutu.
Mimi ni Ghislain, rafiki ya Hervé. Niko Kisangani.
Hervé alifariki tarehe 23 Novemba njiani, mbele ya Lubutu.
Ni kolera. Aliumwa siku mbili.
Hakuwa peke yake. Nilimshika mkono.
Tumemuzika nyuma ya kanisa ndogo, upande wa mto.
Kuko musalaba wa mbao na jina yake.
Alisema wamuambie Cécile asikae akimungojea.
Alisema tena jina ya mama, kisha akalala.»

Mstari wa nane ulikuwa wako, yaya, na mimi niliukalia.

Nisalimie shemeji, Shekinah na watoto, na majirani wote wanaoniuliza. Laetitia anakubusu mikono. Dawa unywe kila asubuhi. Panga matanga mwezi wa kumi na moja tarehe 23, toa kitanda kile nje, na ukikubali uso wangu nitakuja kukaa nawe chini. Usipokubali, nitakaa hapa Schaerbeek siku hiyohiyo, milango wazi.

Ni mimi mdogo wako,
Onésime