Shikamoo, Mtendaji

Jumatatu, jioni. Mawingu yametanda tangu asubuhi na mvua yenyewe haijanyesha. Nimerudi Mitole kutoka Kilwa Masoko na sijavua hata baibui.

Jina langu halimo.

Mara ya kwanza nilisoma tangazo la ubaoni pale halmashauri harakaharaka. Nikarudia taratibu. Kisha nikajifanya namtafutia mtu mwingine, ili walionizunguka wasinione uso. Ni majina ya walioitwa kwenye usaili, nafasi ya Mtendaji wa Kijiji. Na ofisi ya kijiji chetu nimeishikilia mimi tangu mtendaji wa zamani alipohamishwa, kwa kujitolea, bila mshahara. Barua za utambulisho naandika mimi. Ng'ombe wakiingia shamba la mtu naitwa mimi, na msimu wa korosho watu wakigombana kwenye mizani nakimbilia mimi.

Niliingia ndani kuuliza. Dada wa pale alinipokea vizuri, akatafuta maombi yangu, akanionyesha masharti. Kidato cha nne ninacho. Astashahada ninayo. Ila wametaja na fani: utawala, sheria, maendeleo ya jamii na nyingine za aina hiyo. Yangu ni kilimo.

"Dada yangu, si kwamba hukusoma," akaniambia kwa upole. "Umesoma kitu kingine."

Bora angenifokea.

Nilisoma kilimo kwa sababu kwetu ni korosho na ufuta, na baba aliamini mtaalamu wa shamba hawezi kukosa kazi huku. Mwaka jana nafasi za kilimo zilipotoka, walitaka stashahada. Kule nilipungua, huku nimekosea njia. Nimekuwa popo, si ndege si mnyama.

Lakini linaloniuma zaidi silo hilo. Ijumaa iliyopita mama alisomesha dua ya shukrani. Nilimwomba asubiri majibu. Akasema nafasi ni yangu, nani mwingine, na Mungu hashukuriwi kwa kuchelewa. Mbuzi akachinjwa, ubani ukafukizwa, maalimu akaniombea nielewane na watu katika kazi yangu mpya. Wote wakaitikia amina. Na mimi niliitikia, tena kwa sauti. Sasa wali umeshaliwa, na hao waliokula ndio nitakaokutana nao kisimani.

Bibi Tatu, jirani yetu aliyesimamia masufuria siku ile, ni rika la marehemu bibi yangu. Tangu nishike ofisi, yeye ndiye anayeniamkia mimi. Alianza kwa utani: shikamoo, Mtendaji. Mwanzoni nilikuwa nafunika uso kwa aibu. Baadaye nikazoea, nikawa nacheka na kuitikia marahaba.

Nilipenda, sitadanganya.

Leo niliposhuka kwenye bodaboda, yeye ndiye wa kwanza kuniona. Alikuwa mbele ya nyumba yetu akimsaidia mama kuanua muhogo, kwa kuhofia mvua. Mama alikuwa ameingia ndani na ungo wa kwanza, na najua alinisikia nimefika, kwa sababu hakutoka tena kuchukua ungo wa pili.

"Shikamoo, Mtendaji," Bibi Tatu akasema.

Nikainama, nikapiga goti kidogo kama nilivyofundishwa utotoni.

"Shikamoo, bibi."

Alinitazama. Akaweka chini muhogo aliokuwa ameushika, akajifuta mikono kwenye kanga, taratibu, kama mtu asiyetaka kumaliza.

"Marahaba, mjukuu wangu."

Ndani nikamsikia mama akianza kulia.

Sijaingia bado. Nimekaa hapa barazani naandika kwenye simu, na ufunguo wa ofisi uko kwenye mkoba wangu. Kesho asubuhi kuna watu niliowaahidi barua, na watakuja, hawajui lolote. Nadhani nitafungua. Siwezi kuwaacha wamesimama mlangoni.

Ila nikifika mahali pa sahihi, nitatia sahihi kama nani?