Machozi ya Shemeji

Jumatano, Nyakuron

Eti analia. Shemeji wa Achan amelia leo mahakamani mpaka jaji akaagiza apewe maji, na juzi tu nilimwona akibadilisha kufuli za nyumba ya marehemu kaka yake.

Achan, jirani yangu, yuko kizimbani. Wanadai alimtilia mumewe sumu kwenye chakula.

Nilipoitwa kutoa ushahidi, wakili wa serikali akaniuliza, "Mama Brenda, uliwahi kuwasikia wakigombana?"

"Niliwasikia. Mke na mume hugombana."

"Na siku aliyokufa?"

"Siku hiyo Achan alikuwa saluni kwangu tangu asubuhi, namsuka. Aliyempikia marehemu ni huyu anayelia, nilimwona jikoni kwao nikiwa mlangoni pa saluni."

Kilio kikakatika hapo hapo. Machozi gani hayo, yanafungwa kama bomba?

Kesi imeahirishwa, Achan karudishwa rumande. Alipopitishwa karibu yangu alisema tu, "Shukran."

Shemeji mtu akanifuata hadi getini. "Wewe Mganda, rudi kwenu."

"Nitarudi kesi ikiisha," nikamjibu, tena kwa dharau.

Dharau ilikuwa ya mdomoni. Sasa hivi nimesukuma kabati mpaka mlangoni, na bado sijalala. Lakini wakiniita tena, nitakwenda.